Radhi za Jumapili

Kwa miaka minane, kila siku ya mechi, mwanangu Ameir alinipigia simu kutoka Marekani kuomba radhi, baraka za mama kabla ya kuingia uwanjani. Popote nilipokuwa, kwenye tramu ya Croydon au nikimbadilishia mtu shuka katika nyumba ya wazee ninakofanya kazi, niliacha kila kitu nikapokea. "Mama, naomba radhi zako." "Radhi zote, mwanangu. Nenda salama." Basi. Hayo ndiyo maneno pekee ya Kiswahili aliyoyatamka bila kukwama, maana kazaliwa hapa London. Huelewa kila ninachosema na kujibu kwa Kiingereza. Haya mengine nimeyatia Kiswahili mwenyewe.

Kazi yake ilikuwa futiboli ya Kimarekani, ile ya mpira uliochongoka pande mbili. Ameir alikuwa mkimbiaji: mwenzake humpa mpira mkononi, yeye huukumbatia na kujipenyeza katikati ya wanaume wazito kama makabati, nao humwangukia. Akiudondosha mpira, uwanja mzima unamzomea. Wengi walioanza naye waliishia mwaka wa tatu, magoti yamekwisha. Yeye alifika wa nane, na mimi kwa ujinga wangu nikaona ni radhi zangu zinazomlinda.

Mwaka huo timu yake ikaja London kucheza mechi moja. Sikuwahi kumwona uwanjani kwa macho yangu, na hata kwenye televisheni nilifunika uso kwa kanga kila alipoangushwa. Safari hii nilikata shauri kutazama. Binti yangu Suad alipata tiketi kumi na moja, jamaa wakaanza kugombana nani akae karibu na nani, na mimi nikanunua koti jipya.

Jumamosi mchana alikuja kula nyumbani. Nikapakua pilau kwenye sinia, tukakaa mkekani sisi watatu. Ameir akaomba kijiko.

"Ushakuwa Mzungu, kaka?" Suad akacheka.

Mimi sikucheka. Nimeangalia wazee wa watu kwa miaka ishirini na sita, najua mtu anavyoficha mkono. Bi Jennifer, mmoja wa wazee wangu, kila siku alisema chai ni ya moto mno, kumbe vidole haviwezi kushika kikombe. Tulikuja kujua siku aliyojimwagia. Nikamtazama mwanangu. Kijiko amekibana ngumini kama mtoto mdogo, na macho hayabanduki hapo.

Suad alipokwenda jikoni kutengeneza chai, nikachambua iliki moja kutoka kwenye pilau.

"Fumba macho. Lete mkono."

Akanipa wa kushoto.

"Huo mwengine."

Nikamtia ile iliki baina ya kidole gumba na cha shahada, nikamfumbata vidole. "N'mekutilia nini?"

Akangoja. "Bado hujatia kitu," akasema.

Nilitamani kumzaba kibao, mtu mzima wa miaka thelathini na moja. Nilitamani na kulia. Nikamwambia afumbue macho, akaiona iliki mkononi mwake, uso ukamshuka.

"Tangu lini?"

"Mwezi uliopita. Ni shingo, mama. Nilikwenda kwa daktari mwengine, kwa siri. Kasema pigo moja zaidi, na mkono huu huenda usirudi tena."

"Na daktari wa timu?"

"Hajui. Akinipima nabana vidole vyake, na nguvu zipo. Ila sihisi kitu."

"Sasa unajuaje kama mpira umo mkononi?"

"Nautazama."

"Na wale wanaokujia mbio, anawatazama nani?"

Aliigeuzageuza iliki kwa mkono wa kushoto. Kisha akasema kwa Kiswahili, kibovu, akitafuta neno moja moja: "Mama, wewe hujaniona hata siku moja. Nataka unione. Kesho tu. Nipe radhi."

"Sikupi," nikasema.

Hakuwahi kunisikia nikisema hivyo, wala mimi sikuwahi kujisikia. "Sitokuzuia, wewe mtu mzima. Wala simpigii simu mtu. Lakini radhi za kwenda kuuacha mkono wako pale uwanjani, mimi sina."

Akanibusu mkono, akaondoka bila kunywa chai. Suad alipotoka jikoni na birika akaniuliza kumetokea nini, nikamfokea bure, maskini.

Jumapili asubuhi nilivaa koti jipya, nikalivua, nikalivaa tena. Simu nikaiweka mezani mbele yangu. Saa tatu, kimya. Saa nne, kimya. Nikajuta. Nikajiita kwa jina langu: wewe Time, akivunjika leo bila radhi zako, utaishi vipi? Niliogopa kuliko siku niliyoondoka Pemba na sanduku moja. Nikaichukua simu nimpigie, nimpe anachotaka, yaishe. Ikalia mkononi mwangu.

"Mama, naomba radhi zako."

"Za nini?"

"Za kuingia kwa daktari wa timu. Niko mlangoni kwake."

"Radhi zote, mwanangu," nikasema. "Nenda salama."

Uwanjani tulikwenda, wote kumi na mmoja. Ameir alisimama pembeni ndani ya koti refu, mkono mfukoni, na mtu mwengine akakimbia badala yake. Jamaa zetu wakanung'unika kwamba wametoka mbali bure. Niliwatazama, wakanyamaza. Muda wote ule sikufunika uso hata mara moja. Nilimtazama yeye tu, na yeye kila baada ya muda aligeuka akatutafuta kwenye viti.

Hakucheza tena. Jumatatu mchana alirudi nyumbani, nikapakua chakula kwenye sinia lile lile, tukakaa tena sisi watatu. Hakuomba kijiko. Alinawa, akapeleka mkono wa kulia kwenye wali. Vidole vikachota na kuachia, punje zikamwagika mkekani. Akajaribu tena. Basi nikafinya tonge langu, nikalipeleka mdomoni kwake. Akamtazama dada yake kwanza. Kisha akafumbua mdomo.