Sinema ya Kauboi Isiyo na Farasi

Atupele alipotangaza pale Ipyana kwamba anatengeneza sinema fupi ya kauboi, kila mtu alimuuliza farasi atampata wapi. Hakuwa na farasi wala bastola. Alikuwa na Milima ya Livingstone iliyosimama wima juu ya ufukwe, na Ziwa Nyasa mbele yake, na alishaamua kwamba hao wawili ndio watakaopigana.

"Na mimi je?" aliuliza Mama Neli, mfinyanzi wa Lyulilo aliyekubali kuwa staringi.

"Wewe ni mgeni anayeingia mjini, mama. Unapita katikati yao na chungu kichwani."

"Kumbe kazi yangu ya kila siku!"

Asubuhi ya kurekodi, mpiga picha, Lutengano, aliitega kamera mbali sana, hata Mama Neli akaonekana kama punje ya mpunga chini ya mlima. Ndipo ziwa likafuka. Nguzo nyeusi ilipanda kutoka majini, ikatanuka, ikaelekea nchi kavu kama vumbi la wapanda farasi mia.

"Wadudu wa ziwani!" Lutengano alipiga kelele. "Nafunika kamera!"

"Thubutu!" Atupele alimzuia mkono. Siku zote alijiuliza adui ataonekanaje, na sasa adui alikuwa anakuja mwenyewe, bila kuitwa. "Shuti, kaka! Shuti!"

Alidhani Mama Neli angetimua mbio. Wapi! Mama alitua chungu mchangani, akashika kiuno, akalikabili lile wingu mpaka likammeza.

Mara upepo ukashuka kutoka mlimani kwa ghadhabu, ukalikamata wingu, ukalirudisha ziwani vipande vipande. Mama Neli akatokea, mweusi kwa wadudu toka kilemba hadi nyayo, akitema na kucheka.

Atupele alimkimbilia, akamkumbatia hivyo hivyo. "Ndaga fijo, asante sana, mama! Mlima umeshinda! Umeona?"

"Nitaonaje, mwanangu, na macho yamejaa?"

Aliona Jumapili, baada ya ibada, kwenye ukumbi wa kanisa uliozibwa madirisha kwa vitenge. Upepo uliposhuka kwenye shuka jeupe, watu walisimama juu ya mabenchi wakipiga miluzi.

"Rudisha! Rudisha hapo!" walidai, na sauti iliyozidi zote ilikuwa ya Mama Neli.

Lutengano akarudisha.