Pua ya Jéthro

Mwaka 1951 mkurugenzi wa bweni aliniamini, kosa ambalo namsamehe. Kwa kuwa mwandiko wangu ulimpendeza, alinipa kazi ya kujaza karatasi za safari. Kwenye karatasi ya rafiki yangu Jéthro, mwenye pua bapa kama sahani ya bweni, penye alama za uso niliandika: pua aquilin.

Sasa tulikuwa stesheni ya Kamina na treni ilikuwa imekwisha kupiga filimbi. Jéthro akiikosa, mtihani wa ualimu kule Elisabethville ungempita.

“Aquilin, njo nini?” polisi aliyekagua karatasi za abiria aliuliza, kidole juu ya neno.

Jéthro alinitazama kama mtu anayezama.

“Ni Kilatini, chef,” nilisema. “Aquila ni tai. Askari wa Roma walibeba sanamu ya tai wakienda vitani.” Kwamba pua aquilin imepinda kama mdomo wa tai, hilo nililimeza.

Polisi aliichunguza pua ya Jéthro. Treni ikaanza kusogea. Halafu akagusa yake mwenyewe, bapa vilevile.

“Kumbe njo pua ya askari!” Akatoa karatasi yake mfukoni. “Andika na kwangu. Weye, mutoto, panda!”

Jéthro alirukia behewa la mwisho. Mimi niliandika, kwa heshima zote.