Mwisho wa Warusi

Jirani yangu Bodil aliniuliza siku moja tukianua nguo, "Wewe mjane, tena mwanakwaya wa kanisa, unavumiliaje kukaa na waigizaji?" Nilimjibu kwamba kazi yangu pale studio ya filamu ni kuwafunga vifungo tu, na vifungo havina dhambi. Lakini siku aliyokuja Bibi Gyldenskov nilisali kimoyomoyo tangu asubuhi.

Ragnhild, binti wa muuza samaki hapa Copenhagen, aliigiza kijakazi anayependwa na kijana wa ukoo wa kitajiri. Na nje ya filamu mambo yalikuwa hayo hayo. Mogens Gyldenskov alikuwa amemposa kwa siri, akaapa kwamba mama yake akija kututazama, atamweleza palepale. Nilipomvisha Ragnhild gauni la harusi, nilisikia moyo wake ukidunda chini ya vidole vyangu.

Filamu zetu bubu tulizipa miisho miwili: furaha kwa watu wa kwetu, kifo kwa Warusi, maana pasipo machozi hawanunui. Harusi ikapigwa picha kwanza, chini ya paa la vioo. Bibi Gyldenskov alikaa wima, mwavuli magotini. Mogens alisimama nyuma yake akikunjakunja glavu. Kisha nikambadilisha Ragnhild, nikamfunga aproni. Sasa alitakiwa kumpigia magoti mama wa mchumba, akataliwe, anywe sumu.

Bibi akauliza kwa nini tunarudia. Mwongozaji akamweleza. Bibi akatabasamu bila kugeuka.

"Na wewe mwanangu, mwisho upi umekupendeza?"

Mpiga kamera aliacha kupangusa lenzi. Ragnhild alimkazia Mogens macho, kama anayemshika mtoto mkono avuke mfereji.

"Huu wa Warusi, Mama," akasema Mogens, akicheka kidogo. "Ule mwingine ni ndoto za wapishi."

"Nilijua sikuzaa mpumbavu."

Mwongozaji, asiyejua lolote, akapiga makofi. Kamera ikaanza kuzungushwa.

"Haya binti, magoti. Mlilie mama mtu."

Ragnhild hakupiga magoti. Alifungua aproni, akanikabidhi. Akachomoa pete ya uchumba aliyoificha kifuani, akaiweka juu ya mwavuli wa Bibi, taratibu, kama anayemwandalia mgeni kahawa. Mogens akafungua mdomo. Ragnhild hakumngoja; akapita mbele ya kamera, akatoka.