Faili la Maktaba

Fundi wa darizi hakuwa mtu wa kuvumilia takataka. Kwake, kitu asichojua kazi yake hakilali ndani, na hapo ndipo mkasa wote ulipoanzia, ingawa siku hiyo yeye mwenyewe angeapa kuwa hahusiki.

Saa sita mchana aliwasha kompyuta inayoendesha cherehani yake ya darizi, akakuta maandishi: "Faili la maktaba halipo: nyuzi32.dll. Programu haiwezi kuanza." Akazima, akawasha. Yale yale. Akachomoa waya, akaupuliza, akauchomeka tena. Yale yale.

Mezani lilikuwa koti jeupe la mdogo wake, ambaye kesho yake asubuhi alikuwa anakula kiapo cha uuguzi. Dada mtu alikuwa ameahidi kulidarizi jina kifuani. Mdogo alifeli mara mbili kabla ya kufaulu, na ile ya pili ni kwa sababu madaftari yake yalipotea walipohama nyumba. Ndivyo dada alivyosema, na ndivyo watu walivyoamini.

Akasoma upya. Maktaba. Neno hilo alilijua. Maktaba iko mtaa wa pili, mkabala na posta. Ila faili la cherehani yake limefikaje huko? Hakukumbuka kuazima wala kuazimisha. Lakini kuuliza si ujinga, akafunga duka akaenda.

Mkutubi alikuwa mzee mwenye miwani mbili, moja machoni na nyingine kichwani. Akapokea karatasi yenye jina la faili.

"Nyuzi thelathini na mbili," akasoma. "Mwandishi nani?"

"Sijui, mzee. Nimeambiwa halipo."

"Umeambiwa na nani?"

"Na kompyuta."

"Yetu?"

"Yangu."

Mkutubi akabadilisha miwani. Akatafuta kwenye ushonaji, akatafuta kwenye ufumaji, akapita hata kwenye vitabu vya buibui, maana nao wana nyuzi. Fundi akamfuata nyuma rafu kwa rafu. Hakuna aliyejua wanatafuta nini, na kila mmoja aliona haya kumuuliza mwenzake.

Mwishowe mzee akaitazama tena karatasi.

"Hizi herufi tatu za mwisho nimeshaziona, siku kompyuta yetu ilipogoma. Dada, umekosea maktaba. Hii iko humo humo ndani ya kompyuta yako."

"Ndani kuna maktaba?"

"Ipo. Programu haibebi kila kitu, mengine inaazima kwenye mafaili kama hili. Yako imekwenda kuazima habari za nyuzi, imekuta rafu tupu."

"Nani kachukua asirudishe?"

"Mara nyingine faili linaharibika. Mara nyingine mtu analifuta. Wewe hukufuta kitu?"

Fundi akakumbuka. Juzi kompyuta ilikuwa nzito, naye akaisafisha.

"Nilifuta nisivyovijua tu," akasema.

"Basi katazame kwenye pipa la taka la kompyuta, ulirudishe. Kama halimo, weka upya programu kutoka kwenye diski iliyokuja na cherehani. Usiokote faili la mtandaoni, utaletewa virusi."

Akarudi dukani, lakini lile neno pipa halikumtoka kichwani. Faili lilikuwamo kweli, limekaa kimya katikati ya picha za vitambaa. Akabonyeza "Rejesha". Programu ikafunguka, sindano ikaanza kushuka na kupanda, na yeye akasimama pale akiona aibu iliyomchoma.

Mdogo wake alifika jioni, akalipapasa jina lake kwa kidole.

"Nilisikia mashine imegoma. Ilikuwaje?"

"Kulikuwa na faili limepotea." Fundi akakunja koti, akalikunjua. "Hapana. Halikupotea. Nililitupa mwenyewe, kwa sababu sikujua la nini. Na madaftari yako pia."

Mdogo hakuinua macho.

"Najua, dada. Niliyakuta kwenye pipa, yameshalowa maji ya mboga."

"Ulijua? Na miaka yote hiyo hukusema?"

"Nilikuwa nasubiri uniambie wewe," mdogo akasema, akavaa koti lake.