Rubisi ya Mpaka

Wakili Audax aliharibiwa na kitabu. Ujanani alisoma maisha ya mwanasheria mmoja wa Marekani wa karne ya kumi na tisa, aliyezunguka juu ya farasi akitetea wakulima asubuhi na kuomba kura jioni. Tangu hapo akajiona ndiye, ila farasi wake ni bodaboda. Ofisi akafungua Ngara mjini, kilimani; udiwani akaugombea kwao Kaniha. Kitabu hakikumwambia neno kuhusu mrija.

Huko Kaniha alikuwa na mteja, Koleta, mjane. Shemeji yake Nshoma alikuwa ameng'oa mimea ya mpaka na kumeza nusu ya migomba yake. Kesi ilikuwa kesho, baraza la ardhi, Biharamulo. Koleta hakuwa na hati. Alikuwa na wazee watatu waliomwona marehemu mumewe akiupanda ule mpaka.

Siku hiyo Audax alipita nyumba kwa nyumba akiomba kura. Kwa Nshoma akakuta watu thelathini, wazee wale watatu wakiwamo, wamezunguka chungu cha rubisi, pombe ya ndizi. Kura thelathini hazirukwi. Nshoma akampa mrija kwa heshima zote, na mgombea wetu, asiyejua kukataa, akavuta mara mbili, akausifu utamu.

Nshoma akasimama taratibu. Akawaambia wazee wameona wenyewe: msemaji wa Koleta amekunywa uani kwake, basi kwa mila shauri la mpaka limekwisha. Audax akacheka. Wengine hawakucheka.

Alipofika kwa Koleta, habari ilishatangulia. Akaamkia, akaeleza kwamba mbele ya sheria pombe si kitu. Koleta aliendelea kumenya ndizi.

"Mbele ya sheria atasimama nani?" akauliza. "Wazee wameniletea ujumbe. Hawawezi kushuhudia shauri lililonywewa. Umeniuza kwa mikupuo miwili, mwanangu, na hata hukulewa."

Audax akauliza kama kuna dawa. Ilikuwapo moja: aliyekunywa arudi na chungu chake cha rubisi, akimwage palepale mbele ya walewale. Ila mtu wa namna hiyo hakaribishwi tena popote. Nani ampe kura mtu anayemwaga pombe ya watu?

Akanunua chungu, akakipakata kwenye bodaboda kama mtoto mgonjwa. Njiani alitafuta njia ya tatu. Mawakili hulipwa kwa ajili hiyo. Hakuipata.

Uani kwa Nshoma akakiinamisha. Rubisi ikatambaa mpaka miguuni kwa watu. Hakuna aliyemtukana, na hilo ndilo lililomwogopesha. Waliinuka mmoja mmoja, wakaondoka kwa kumzunguka kama wanaozunguka shimo. Wazee wawili waliondoka nao. Wa tatu, Mzee Mihayo, alibaki, akifuta kandambili zake.

"Nitakuja kesho kusema mpaka ulikuwa wapi," akasema. "Kura usiniombe tena."

Koleta alikuwa amesimama njiani, kanga kaikaza kiunoni. Alikuwa ameona yote.

"Watatu wamekuwa mmoja," akasema. "Wakili, mmoja anatosha?"

Audax akafungua mdomo kuahidi, kama alivyoahidi daraja, zahanati na umeme tangu asubuhi. Akaufunga.

"Sijui, mama," akasema. "Tutaondoka alfajiri."