Mzunguko Mmoja kwa Sekunde

Nilizungusha mara moja kwa sekunde badala ya mara mbili. Hilo ndilo kosa langu, na nililifanya nikiwa na akili zangu timamu.

Ulikuwa mwaka wa 1916, wa tatu wa vita. Pale hospitali yetu ya Paris, Daktari Vasseur alipiga filamu za askari ambao makombora yalikuwa yamewaharibu mishipa ya fahamu, na mimi ndiye niliyezungusha mkono wa kamera. Filamu ilikuwa adimu. Siku ya Firmin Corbel, aliyekuwa akiburuta mguu wa kushoto, kilibaki kipande kifupi tu, na daktari alitaka avuke ua mzima. Nikapunguza mwendo ili kitoshe.

"Fundi, mbona leo unazungusha kivivu?" Firmin alinitania. "Au umenionea huruma?"

"Tembea wewe. Kobe naye ana maswali?"

Nilijua fika kwamba filamu iliyozungushwa taratibu, ikionyeshwa kwa mwendo wa kawaida, humfanya kilema aende mbio. Nilipanga kumwambia daktari. Niliogopa kufokewa, nikanyamaza. Yeye aliituma pamoja na nyingine kumi bila kuitazama, na baraza la jeshi likamwona Firmin akikata ua kwa hatua za haraka. Wakaandika kwamba amepona. Wiki tatu baadaye aliamriwa kukimbilia bunduki za adui kwa mguu ule ule. Hakufika mbali.

Mkewe, Noémie, alikuja masika, akaomba amwone mara moja tu. Nikafunga mapazia, nikaiweka filamu kwenye mashine ya kuonyeshea, ambayo nayo huzungushwa kwa mkono, nikazungusha kama kawaida.

"Kumbe alinidanganya," akasema. "Aliniandikia mguu haujapona, nimsemee kwa wakubwa. Nikamjibu aache woga."

Alisema kwa sauti ya mtu aliyetua mzigo. Ningenyamaza, yangeishia hapo. Lakini Firmin hakuwa mwongo. Mimi ndiye niliyemfanya mwongo. Nikairudisha filamu mwanzo, nikazungusha taratibu. Akamwona mumewe akiburuta mguu, akishika ukuta, akitucheka.

"Hivi ndivyo alivyotembea, mama. Nilikuwa nabana filamu. Kosa ni langu."

Hakunitukana. Nilitamani anitukane. Filamu ikaisha, ukuta ukabaki mweupe.

"Nionyeshe tena kama mara ya kwanza," akasema.

Nikazungusha upesi.