Siku Mama Kamini Alipoambiwa Anyamaze

Siku ya kwenda kubisha hodi kwa akina Adoma, kumposea mwanawe mke, Sarfoa alipewa sharti moja tu: asifungue mdomo.

"Dada, nakuomba," alisema kaka yake Bediako, msemaji wa ukoo siku hiyo. "Cheka kwa macho. Ukitaka kukohoa, toka nje."

Sharti lilimuuma, ila sababu aliijua. Miaka thelathini aliwavunja mbavu watu wa Kumasi kwenye televisheni, na wakubwa wa kituo walipoanza kumwona amezeeka, akahamia studio kuzitia sauti tamthilia za Kihindi ziongee Kitwi, lugha ya kwao. Huko ndiko alikogeuka Mama Kamini, mama mkwe mwenye roho ya kutu, anayemtesa mkwewe Lalita kila jioni. Akifungua kinywa sokoni, wauza nyanya wanamnunia.

Naye Mzee Amoateng, baba yake Adoma, ni fundi cherehani anayeipa televisheni mgongo na kuisikiliza tu huku akishona. Uso wa Sarfoa hakuujua. Sauti ya Mama Kamini aliijua mpaka mishipa, na alikuwa ameapa kuwa binti yake hatapata mama mkwe wa sampuli ile. Waliomtambua Sarfoa pale ukumbini walinyamaza, maana Adoma alishawaomba. Ofosu, mwanawe Sarfoa, alimpenda msichana yule hadi chakula kilikuwa hakipandi.

Chupa mbili za pombe ya jini, zawadi ya posa, zikawekwa mezani. Bediako akasimama.

"Tulikuwa tunapita, tukaona ua zuri bustanini mwenu," alianza. Watu wakaitikia. Kilichobaki kilikuwa kichekesho ambacho Sarfoa alimtungia mwenyewe na kumkaririsha siku nne. "Sasa, suruali zetu... yaani, mkasi wa baba... tukaogopa, kwa sababu ya suruali..."

Mtu mmoja akapiga mwayo. Sarfoa akauma ulimi. Akashika kiti. Alijua kuvumilia njaa na kusengenywa, lakini kichekesho chake kinachinjwa mbele ya macho yake!

"Tukaogopa kulichuma," akaropoka, "maana mwenye bustani mkasi haumtoki mkononi hata akilala. Tungerudi kwetu bila suruali!"

Ukumbi ukalipuka. Mzee Amoateng alicheka kuliko wote, akapiga paja, kisha akaacha ghafla.

"Ngoja kwanza. Sauti hiyo..." Akanyanyuka. "Mama Kamini! Si wewe uliyemtia Lalita pilipili kwenye uji? Chukueni chupa zenu!"

"Mzee, yule ni wa kwenye tamthilia," Bediako akajitetea.

"Roho ya vile haiigizwi!"

Adoma akaanza kulia. Ofosu akamgeuzia mama yake mgongo, na hilo lilimchoma Sarfoa kuliko matusi. Amempotezea mwanawe mke kwa ajili ya mzaha! Aombe radhi kwa sauti gani, na mzee anaisikia ya Mama Kamini tu?

Lakini alikuwa na sauti nyingine. Jina lake halikuandikwa popote kwa sauti hiyo, na hakuna aliyewahi kumpongeza kwayo.

"Baba," akasema taratibu, "nimekosa nini katika nyumba hii?"

Mzee Amoateng, chupa mkononi, akaganda. Maneno hayo aliyasikia Jumanne iliyopita kwenye tamthilia, na kwa machozi akashona mkono wa shati pale penye shingo.

"Lalita?"

"Ni mimi, Mzee. Studio tuko watu wanne tu. Mama Kamini mimi, Lalita mimi. Hata mbwa wa jirani ni mimi."

Mzee akakaa. Akajifuta macho kwa futi yake ya kitambaa.

"Kumbe miaka miwili unajitesa mwenyewe," akasema. "Na mimi nakulilia."

Wa kumcheka, Sarfoa aliwapata kwa maelfu. Wa kumlilia, huyu ndiye wa kwanza kumwona kwa macho. Machozi yakamtoka bila kuigiza.

Kwa desturi Adoma akaulizwa mara tatu kama chupa zipokewe, na mara zote tatu alijibu kabla swali halijaisha.

"Sawa," akasema Mzee. "Ila harusini yule Kamini sitaki kumwona. Aje Lalita."

"Nitamwambia," akajibu Sarfoa. "Na mbwa je?"

Mzee Amoateng akajitahidi kukunja uso, akashindwa.

"Mbwa aje."

Sarfoa akabweka, na Ofosu ndiye aliyecheka wa kwanza.